Mganga wa Santuri Anajibu

*Mganga, kijana wa kibanda cha kuingiza nyimbo karibu na stendi ya Mpanda ameniuzia zilipendwa za FLAC. Wimbo mmoja megabaiti 25, na bado Morogoro Jazz wanasikika kama wamefungiwa kwenye pipa. Simu yangu mbovu?*
– Memori Imejaa, Kawajense

Simu yako nzima, kijana ndiye mbovu. Amechukua MP3 ya kilobiti 128 akaigeuza FLAC. MP3 ilishatupa sehemu ya sauti ili iwe nyepesi, na kilichotupwa hakirudi. FLAC hubana bila kutupa, lakini hutunza kile ilichopewa tu. Tafuta programu inayochora masafa ya sauti. Mkanda wa zamani hufifia polepole huko juu. Ukiona mchoro umekatwa kama kwa panga karibu na kilohezi 16, umeuziwa MP3 iliyovalishwa kanzu. Kadai hela yako, ila nenda mapema kabla hajahamia Inyonga.

*Mume wangu ameuza mbuzi wawili, kanunua hedifoni ili amsikie Mbaraka Mwinshehe "kushoto na kulia". Sasa analalamika kote ni kulekule. Nimfanyeje?*
– Mama Watoto, Usevya

Pole, shemeji. Rekodi nyingi za Radio Tanzania za miaka ya 1960 na 1970 ni mono: masikio yote mawili hupata kitu kilekile. Mbuzi mmoja angetosha. Mwambie aache kutafuta upande, asikilize kidole cha Mbaraka kinavyogusa waya wa gitaa la solo kabla noti haijatoka. Kama hedifoni yenyewe ni ya bluetooth, hata hicho hatakipata vizuri, maana bluetooth ya kawaida huibana sauti upya. Achomeke waya.

*Nina santuri ya Tabora Jazz, nilishuka nayo kwenye treni enzi za ujana. Mjukuu anataka kuitundika ukutani iwe pambo.*
– Mzee wa Makanyagio

Shikamoo mzee. Mnyang'anye leo! Ifute kwa kitambaa laini na maji safi, lebo ya katikati isilowe, na petroli usiisogeze kabisa. Tafuta mwenye gramafoni yenye sindano mpya, mrekodi kwa biti 24, mhifadhi FLAC sehemu mbili tofauti. Hapo mjukuu ndipo atakapokuwa na kazi ya maana. Nchini hatukuwa na kiwanda cha santuri; nyingi za bendi zetu zilichapwa Nairobi, na hazichapwi tena. Wasomaji wa Katavi, fungueni masanduku ya wazee kabla mchwa hawajafungua.