Shida Sebuleni

Wewe mwenye familia utanielewa. Hapa Mlandege, Iringa, baba wa nyumba hupata kiwanja mapema kuliko saa moja ya kusikiliza muziki.

Marehemu mzee aliniachia santuri za Mbaraka Mwinshehe na Marijani Rajabu, zote za Nairobi. Miaka ile Tanzania haikuwa na kiwanda cha santuri. Bendi zilirekodi Redio Tanzania (RTD) kwa ajili ya matangazo, zikitaka santuri zinavuka mpaka. Fundi mmoja wa Dar akaziosha, akazihamishia kwenye kompyuta kwa biti 24, kilohezi 96. Weee! Unasikia kidole kikiteleza kwenye uzi wa gitaa la solo, na besi inatembea njia yake bila kubanana na tumba.

Jumamosi nikafunga mlango wa sebule, nikaweka "Shida" ya Mbaraka. Mama mkwe, tunayemwita Bibi Mkaguzi, akaingia na shali yake na bakuli la njegere.

"Kamwene, baba."

Akasikiliza, akatikisa kichwa. "Mkwe, siyo hii. Ile ilikuwa na mikwaruzo."

Yeye aliijua kwa redio ya mkulima, masafa ya kati, usiku, na shashasha lake lote. Nani abishane na mkwewe? Mara Mama Tumaini, Waziri wetu wa Fedha, akachungulia kuuliza bei ya spika. Nikaongeza sauti.

Pigo lenyewe lilitoka kwa Profesa, wa darasa la sita. Ubora ule hula karibu megabaiti 35 kwa dakika, flashi yangu ya nyimbo ikajaa.

"Baba, nimekusaidia! Nimezigeuza zote MP3, na katuni zimeingia."

Dakika imebaki megabaiti moja! Programu hutupa kila inachodhani sikio halitakitafuta. Nikabonyeza: matoazi yanachemka, uzi wa solo umepoteza kidole.

Bibi Mkaguzi akaweka bakuli chini, akasimama kucheza. "Eeh! Sasa hii ndiyo yenyewe!"

Mama Tumaini akamfuata, Profesa naye nyuma. Nikawapisha sebule yao.

Ndugu yangu, kama una santuri za wazee, zihamishe mapema, kwa ubora wa juu kabisa. Faili kubwa utalipunguza siku yoyote. Likishapunguzwa, kilichotupwa hakirudi. Na nakala ya kwanza iache kwa fundi, mbali na watu wako. Yangu iko Dar, salama.