Mpasua Magogo

Mei 1860, mjini Decatur, Illinois, mkutano wa chama cha Republican uliletewa magogo mawili ya uzio, eti Abraham Lincoln aliyapasua ujanani. Ukumbi ukalipuka kwa shangwe: mgombea wa wanyonge huyo! Kwamba alikuwa wakili tangu 1836, akizunguka mahakama za vijijini juu ya farasi, nyaraka kazitia kofiani, hilo halikubebwa begani. Sembuse kesi ya 1857, alipoishtaki kampuni ya reli ya Illinois Central, mteja wake mwenyewe, akidai ada ya dola 5,000. Akashinda. Hati ya madai, bwana, haipendezi kama shoka. Na alipotakiwa ayatambue magogo, alijibu kiwakili: kama ni yale yale hawezi kusema, ila amepasua mengi mazuri zaidi.