Vita vya Utitiri Katika Jiko la Mama Mkwe

Huku kwetu Masisi usiku una baridi kali, kwa hiyo kuku hulala jikoni, karibu na mafiga. Jiko letu ni la mbao za mikaratusi, na mwenye amri humo ni mama mkwe.

Matata yalianza kwa tetea wake mweusi kuyasusa mayai aliyokuwa akiyaatamia. Kisha kishungi cha jogoo kikapauka. Halafu watoto, ambao kitanda chao kimepakana na ukuta wa jiko, wakaanza kujikuna usiku kucha. Mama mkwe akasema ni upele. Mablanketi yote yakafuliwa na kuanikwa juani, watoto wakasuguliwa kwa sabuni, na usiku ule ule wakajikuna tena.

Binti yetu mkubwa ndiye aliyegundua chanzo. Usiku wa manane aliingia jikoni na tochi, akapitisha karatasi nyeupe chini ya fito wanazolalia kuku. Karatasi ikatoka na michirizi ya damu.

"Bibi, njoo uone!"

Mama mkwe akasogeza tochi. "Utitiri," akasema, na nyumba nzima ikaamka.

Kulipokucha, baraza la familia likakaa. Shemeji akataka kumwaga petroli kwenye mbao na kuwasha kiberiti. Katika nyumba ya mbao! Jirani akaleta dawa ya kupulizia nyanya. Mama mkwe akaikataa papo hapo: "Mayai haya yanaliwa na wajukuu zangu. Sumu haitapita mlango huu."

Alikuwa na haki. Mwaka 2017, huko Uholanzi na Ubelgiji, mamilioni ya mayai yaliteketezwa kwa sababu mabanda yalipuliziwa dawa ya utitiri yenye fipronil, sumu isiyoruhusiwa kwa wanyama wanaoliwa.

Siri ya utitiri mwekundu ni kwamba haukai juu ya kuku. Hunyonya damu usiku, kisha mchana hujificha kwenye nyufa. Mwenye kumtibu kuku peke yake amewaacha maadui nyumbani.

Basi tukawahamisha kuku chini ya mti na kuanza kazi. Majani ya viota yakachomwa nje, mbali na nyumba. Fito zikang'olewa. Mama mkwe akachemsha maji sufuria baada ya sufuria, nasi tukayamimina yakitokota kwenye kila kiungo cha mbao. Kuta zilipokauka, tukaziba nyufa kwa udongo uliokandwa na mavi ya ng'ombe. Ncha za fito tukazipaka mafuta ya mawese yaliyopanda kutoka Walikale, maana mafuta huziba matundu ya pumzi ya utitiri. Kuku wenyewe wakapewa shimo la mchanga na majivu makavu yaliyochekechwa. Majivu hukwaruza nta ya ngozi ya mdudu, naye hukauka.

Watoto wakalala. Shemeji akatangaza ushindi, lakini mama mkwe hakukubali. "Na mayai yao?" akauliza. Palipo na joto, yai la utitiri huweza kufikia utu uzima kwa muda wa wiki moja tu, na mkubwa huvumilia njaa kwa miezi. Wiki iliyofuata akachemsha maji upya, na wiki iliyofuata tena, mpaka karatasi nyeupe ikatoka safi. Tetea mweusi akarudi kuatamia.

Wewe unayelaza kuku jikoni, leo usiku pitisha karatasi nyeupe chini ya fito zao. Ukiona damu, chemsha maji, ziba nyufa, andaa majivu, na urudie kila wiki hata kama kuwasha kumekoma. Dawa ya shambani iache shambani.