Namna ya Kumpiga Picha Bondia Mstaafu Bila Kumwangusha

Kijana wa Chuo Kikuu cha Dodoma (UDOM) mwenye kamera, umesikia kuna bondia wa zamani Kizota au Chang'ombe na unataka kumtengenezea makala ya televisheni. Anza na shikamoo. Kamera ikae kwenye begi mpaka chai iishe. Rekodi ndani ya nyumba, maana upepo wa Dodoma hauheshimu maikrofoni ya mtu.

Muziki wa huzuni uache hosteli. Tumeuchoka! Mzee anatazamishwa dirishani, mtangazaji anasema "bingwa aliyesahaulika", kamera inahangaika kutafuta ufa ukutani. Kama ana shida na anataka kuisema, ataisema mwenyewe. Wewe umemfuata kwa sababu alijua ngumi, basi muulize ngumi: alitanguliza mguu upi, alikataje uzito kabla ya kupimwa, nani alikaa kwenye kona yake na alimnong'oneza nini raundi zilipokuwa ngumu. Mwombe asimame akuonyeshe. Mchambuzi ambaye hajawahi kuvaa glavu mpe dakika moja, nayo inamtosha.

Mkanda wa pambano huenda usiupate. Titus Simba alipotwaa medali ya fedha ya uzito wa kati kwenye Michezo ya Jumuiya ya Madola, Edinburgh 1970, baada ya kushindwa na John Conteh wa Uingereza katika fainali, Tanzania Bara haikuwa na televisheni. Vituo vya kwanza vilianza 1994. Kwa mabondia wa kizazi kile, asipohojiwa mwenyewe hakuna pa kurudi kutazama. Michael Yombayomba alishinda dhahabu ya michezo hiyohiyo Kuala Lumpur mwaka 1998, vituo vikiwepo. Hapo gonga milango ya maktaba zao, na usikubali kuambiwa "njoo kesho" mara nyingi.

Mpinzani aliyepigwa naye mtafute. Filamu ya When We Were Kings ilipigwa Kinshasa mwaka 1974, Muhammad Ali alipomwangusha George Foreman raundi ya nane, ikatoka 1996 na kupata Oscar. Ni filamu nzuri sana. Lakini miaka ile ilipokuwa ikikamilishwa, waliokalishwa kulieleza pambano walikuwa akina Norman Mailer na George Plimpton, waandishi. Foreman, aliyezila zile ngumi, hakuhojiwa upya. Facing Ali ya 2009 ikawapa nafasi wapinzani kumi wa Ali, Foreman akiwemo, na kwangu hiyo ndiyo inayofundisha ndondi.

Ukimwalika mzee studio, usimwombe amrushie mtangazaji ngumi za utani ili watu wacheke. Mlipe nauli na posho kabla hajaondoka. Mpigie simu kumwambia siku na saa ya kurushwa, umpelekee nakala kwenye flashi. Na uende wiki hii, angali anakumbuka majina ya aliopigana nao.