Bosi na Mlango wa Mninga

Chanzo cha yote ni vigae. Zamani baraza letu hapa Kimara lilikuwa la saruji ya kukwaruza, ua ulikuwa wa kokoto, na geti lilikuwa bati moja lililolegea pembeni kiasi cha kumpitisha mbwa mwenye shughuli zake. Bosi alikuwa na shughuli nyingi. Alitoka alfajiri, akapita kwenye vibanda vya chipsi kukagua mifupa ya jana, akakimbizana na bodaboda mbili tatu, akarudi jua limeshapanda, hoi. Kisha Baba Neema akapokea mgao wake wa kikoba, tukastaarabika kwa mpigo: baraza vigae vyeupe vinavyong'aa, uani ukoka, geti la chuma lisilopitisha hata kifaranga. Bosi naye akapandishwa cheo, kutoka mzururaji hadi mlinzi wa ndani.

Kucha zake hakuna aliyezifikiria. Nani anafikiria kucha za mbwa? Mbwa anayekimbia kwenye kokoto na lami anajisaga kucha mwenyewe bila kumwambia mtu. Kwenye vigae na ukoka hazisagiki, na hazijui kwamba mwenye nyumba amestaarabika. Zinaendelea kuota tu.

Aliyegundua ni mama mkwe. Alikuwa amekuja kutoka Rombo kutusalimu, akalala chumba kinachopakana na baraza, na asubuhi wakati wa chai akatangaza kwamba nyumba yetu ina mtu. Mtu huyo, alisema, huamka usiku wa manane, huvaa viatu vya visigino, hutoka upande wa jikoni hadi kwenye geti, husimama, halafu hurudi. Ta, ta, ta, ta.

Baba Neema aliacha kutafuna. Shemeji yangu, mdogo wake, anayeishi nasi akisubiri ajira, akasema labda ni panya.

"Panya wa visigino?" Mama akamuuliza.

Usiku ule alikaa macho na rozari yake, na mwenye viatu alipopita akafungua mlango ghafla na kumulika tochi. Bosi akamtazama, akapiga mwayo, akaendelea na doria. Ta, ta, ta.

Kulipokucha Mama alimwita mwanawe barazani, akamwinua Bosi mguu wa mbele, akamwonyesha. "Huyu mmemfanya ng'ombe wa zizini," akasema. Kwao Rombo ng'ombe na mbuzi wengi wanafugiwa ndani na kukatiwa majani. Mnyama haendi popote, kwato hazigusi jiwe, zinarefuka mpaka anatembea kama mtu aliyevaa kandambili zisizo zake. Wenye mifugo huko wanajua kuzichonga. "Na za mbwa je?" Baba Neema akauliza. Mama akasema huko kwao mbwa hana kwato, na hilo likabaki swali letu.

Tulipoangalia vizuri tuliona aibu kidogo. Bosi akisimama tu, kucha zilikuwa zinagusa kigae na kuvisukuma vidole juu, hivyo alikuwa anakanyaga kwa kuegemea nyuma, akiteleza kila kona. Mbaya zaidi ulikuwa ule ukucha wa pembeni, unaokaa juu kidogo upande wa ndani wa mguu wa mbele, sehemu ya kidole gumba. Huo haugusi ardhi mbwa akitembea, hata aende mpaka Kibaha, kwa hiyo hausagiki vya kutosha. Wa Bosi ulikuwa umejikunja nusu duara, ncha yake imeanza kuelekea kwenye nyama.

"Shemeji, hilo niachie mimi," akaniambia shemeji yangu.

Lazima niseme neno juu ya shemeji. Ni kijana mwema, ila hakuna kazi asiyoijua. Alishatutengenezea jiko la gesi, na tangu hapo tunapikia mkaa. Safari hii alikuwa ameangalia video kwenye simu: mama mmoja wa Kizungu, mbwa amelala kwenye mto, amefumba macho, kucha zinakatwa moja baada ya nyingine huku muziki laini unapigwa. Shemeji alituonyesha video hiyo sote, hata Dada anayetusaidia kazi, ambaye aliuliza swali moja tu: yule mbwa amepewa dawa gani?

Duka la dawa za mifugo hapo kituoni lilikuwa na dawa ya kupe, ya minyoo na chakula cha kuku wa aina zote, lakini mkasi wa kucha za mbwa halikuwa nao. Shemeji akarudi na kikata kucha kipya cha watu. Ukucha wa Bosi haukuingia. Ulipolazimishwa ulibanwa ubavuni na kuchanika nyuzi nyuzi, maana ukucha wa mbwa ni mnene na wa mviringo, na kile kidude kimetengenezwa kwa ajili ya kitu chembamba kilicholala. Basi shemeji akaingia stoo, akatoka na plaizi ya kaka yake.

"Hiyo si ya nyaya?" Mama akauliza.

"Mama, ukali ni ukali."

Jumamosi, baada ya kumwogesha Bosi, tulipangwa. Dada ashike kichwa. Neema akae mbele na bakuli la dagaa. Baba Neema alichagua nyuma, kwa sababu, alisema, ndiyo sehemu ya kimkakati. Shemeji akataka kumfunga Bosi mdomo kwa kipande cha kanga, na hapo Mama akakataa katakata. Ilikuwa Februari, jua la Dar linajulikana, na mbwa hana jasho la mwili mzima kama letu. Anajipoza kwa kuhema, ulimi nje. Ukimfunga mdomo kwenye joto lile, huku ana hofu, utakata kucha za maiti. Kanga ikarudi kabatini.

Wakaanza na mguu wa kulia wa mbele, na huo ndio ulioleta maafa yote, kwa sababu ulikwenda vizuri. Bosi ni mweusi mwili mzima isipokuwa mguu huo, uliovaa soksi nyeupe mpaka kwenye kifundo, na kucha zake ni nyeupe vilevile. Ukiuinua ukucha mweupe kwenye mwanga unaona kila kitu: upande wa mwilini kuna mstari wa waridi, nyama yenye damu na mishipa ya fahamu, unaoishia kabla ya ncha, kutoka hapo ni ganda tupu lisilo na maumivu. Shemeji akakata ganda. Ta. Neema akatoa dagaa. Ta. Dagaa. Bosi akaanza kuona shughuli hii ina maana. Mimi nilikuwa naanika kanga kwenye kamba, nikasikia shemeji akianza kupiga mluzi, nikajua tumekwisha.

Wakahamia mguu mweusi. Ukucha mweusi hauna dirisha. Shemeji akakadiria, akabana, akakata kwa mkupuo.

Kelele aliyotoa Bosi ilimtoa jirani nje na upawa mkononi. Baba Neema akaachia sehemu ya kimkakati. Dada akaachia kichwa. Bosi akapita juu ya bakuli la dagaa, akamparura shemeji mkono kuanzia kiwiko hadi kwenye saa, akaingia sebuleni, mahali ambapo alikuwa hajawahi kuruhusiwa tangu azaliwe, akapanda kochi kubwa, akahamia dogo, akarudi kubwa. Na kwenye makochi, kama mnavyojua, kuna vitambaa. Vitambaa vyangu vilifumwa na mama mkwe mwenyewe kwa mkono, seti nzima, nyeupe yenye ua la njano katikati, zawadi ya harusi. Kila Bosi alipokanyaga aliacha doa. Ukucha mmoja wa mbwa unatoa damu kiasi ambacho huwezi kuamini; ungeiona sebule ungedhani tumechinja kwa ajili ya Krismasi.

Kila mtu akawa na dawa. Baba Neema alisema spiriti. Shemeji, ameshika mkono wake, alisema majivu. Jirani akasema kupitia ukutani kwamba kahawa ya unga inakausha. Dada hakusema kitu. Alienda jikoni, akarudi na kiganja kimejaa unga wa ngano wa chapati, akampata Bosi nyuma ya pazia, akaugandamiza unga kwenye ncha ya ukucha kwa kidole gumba, akakaa hapo chini sakafuni, kimya, bila kuinua kidole kuchungulia. Hilo la kutochungulia ndilo linalowashinda wengi. Dakika chache baadaye damu ilikuwa imesimama. Chapati za jioni zilipungua, hakuna aliyelalamika.

Mama alikuwa ameshamburuta shemeji hadi kwenye bomba la nje. Maji yanayotiririka na sabuni, dakika kumi na tano kamili, alisimama pale na saa. Kichaa cha mbwa huingia kwa mate kwenye jeraha, na mbwa analamba miguu yake, kwa hiyo mparuro uliotoa damu haupuuzwi hata kama aliyeparura ni wa nyumbani. Kadi ya chanjo ya Bosi ikaanza kutafutwa. Ilipatikana kwenye droo, katikati ya risiti za LUKU za miaka yote tuliyokaa nyumba hii, na kumbe chanjo ilikuwa bado hai. Hata hivyo Mama alimpeleka shemeji zahanati na kadi mkononi, na yeye ndiye aliyeeleza kisa chote mbele ya foleni nzima, bila kuacha habari ya mluzi.

Daktari wa mifugo alikuja Jumatatu, kijana mpole aliyesomea SUA kule Morogoro. Aliomba kuona kifaa kilichotumika. Baba Neema akaleta plaizi. Daktari akaitazama, akairudisha kwa heshima.

Yeye hakumkalisha Bosi popote wala kumshikia watu. Alikaa mwenyewe kwenye kigae, miguu ameikunjua, akaongea na Baba Neema habari za mpira mpaka Bosi akaja kumnusa. Kisha akashika mguu, akauachia. Akashika, akauachia. Alipotoa mkasi wake, ambao una midomo iliyopinda inayoukumbatia ukucha, alianza na ule wa pembeni uliojikunja, ta moja, basi. Kwenye kucha nyeusi alikata kitu chembamba mno, kipande cha unene wa punje ya mchele, halafu akatuita tuangalie uso wa pale alipokata. Ulikuwa mkavu, mweupe mweupe, wa ungaunga. Akakata kingine. Kingine. Safari hii katikati palitokea kidoa kidogo cheusi chenye kung'aa kwa unyevu. "Hapo ndio mwisho," akasema. "Ukipita hapo unakutana na nyama." Akatuambia pia kwamba nyama ile, ukucha ukipunguzwa kidogo kidogo kila baada ya wiki moja au mbili, hurudi nyuma yenyewe; ukiziacha kucha ziote, nayo inazifuata. Ndiyo maana huwezi kuzimaliza zote siku moja, hata ukiwa na video.

Shemeji alisikiliza akiwa mlangoni, mkono una bendeji.

Ni daktari huyo aliyetupa habari ya ubao. Unachukua kipande cha mbao, unagundisha msasa wa kukwaruza, unamfundisha mbwa kuparua mwenyewe. Baba Neema aliipenda rai hiyo kwa moyo wote, kwa sababu haikuwa na sehemu ya kimkakati. Alitafuta ubao uliobaki kwenye makabati ya jikoni, akanunua msasa namba 80, akaugundisha, akauegemeza ukutani, akaficha dagaa nyuma yake. Bosi alinusa, akafikiri, akauparua ubao kwa mguu wa mbele ili aufikie. Akapewa dagaa. Akaparua tena. Machoni mwake niliona mtu aliyeelewa uchumi.

Miguu ya nyuma haikukubali ubao. Baba Neema alipiga magoti kumwonyesha mfano, Neema akampiga picha, na tumekubaliana picha hiyo isitoke nje ya familia. Ule wa pembeni nao haufiki kwenye msasa. Hizo amejitwisha Mama. Wakati wa taarifa ya habari Bosi hulala karibu na kiti chake, naye huushika mguu na tupa ndogo, anasaga taratibu, macho kwenye televisheni, akiacha kila waziri anapoanza kuhutubia. Alikuja kukaa wiki mbili. Bado yupo. Kutembea kwa visigino kumeisha.

Tatizo lililobaki ni kwamba hakuna aliyemwambia Bosi kuwa somo lile lilihusu ubao mmoja tu. Yeye alielewa kwamba ukiparua mbao, dagaa wanatokea. Na mbao kubwa kuliko zote katika nyumba hii ni mlango wa mbele, mlango wa mninga, ambao Baba Neema alimlipa fundi wa Keko kwa awamu na kuupaka vanishi mwenyewe. Alhamisi alirudi kazini akakuta umeparuliwa kuanzia kwenye komeo kushuka chini, mistari minne minne, na Bosi amekaa mbele yake akisubiri malipo.

Fundi rangi aliitwa. Alipitisha kiganja kwenye mistari, akatikisa kichwa, akaanza kupiga hesabu za vanishi, brashi na siku mbili za kazi.

"Mwanangu, usijisumbue," Mama akamwambia kutoka kwenye kiti chake, tupa mkononi. "Huo mlango ugundisheni msasa."