Babu kwa Sekunde

Kazi yangu ni kuhariri filamu za historia, na balaa lake ni kwamba kila mtu anaamini mambo yote ya zamani yalipigwa picha, yakawekwa mahali, ila mimi tu ndiye mvivu wa kwenda kuyachukua. Mtayarishaji mmoja aliniagiza, kwa sauti ya mtu anayeagiza chai, nimletee video ya Kinjekitile akigawa maji. Bosi, Kinjekitile alinyongwa na Wajerumani mwaka 1905! Akafikiri kidogo, akasema basi, hata ikiwa nyeusi na nyeupe si mbaya.

Zilizopo nazo ni mtihani. Wenye kamera walipiga walichokipenda: gavana na kofia yake ya manyoya, gwaride, gavana tena, ng'ombe. Ng'ombe ninao wa kutosha Bara na Visiwani. Kwenye maelezo mzungu anatajwa jina na cheo. Waliobaki wote, hata awemo mkuu wa ukoo, ni "wenyeji". Halafu zile za kale zilizopigwa kwa picha 16 kwa sekunde, ukizichezesha kwa 24, wazee wetu wanatembea kama waliofumua mzinga wa nyuki. Nikipunguza mwendo, mwongozaji ananung'unika kwamba filamu imepooza.

Kati ya 1935 na 1937 Waingereza walitengeneza filamu kama 35 za mafunzo, kambi yao ikiwa Vugiri, kule Usambara. Zilizosalia ni chache mno, nazo ziko Uingereza. Picha za kikoloni ndivyo zilivyo: shamba letu, jembe letu, jasho la babu, lakini ukitaka kuwaonyesha wajukuu zake unalipa kwa sekunde, tena kwa pauni. Ndiyo maana babu akiinua jembe, nakata kabla hajalishusha. Kulishusha ni bajeti nyingine.

Na msiniambie nitumie za nyumbani. Bara tumepata televisheni 1994, wakati Wazanzibari walikuwa na yao, ya rangi, tangu 1973, na hawachoki kutukumbusha. Kanda za redio tunazo, sauti bila picha; filamu tulizonazo, nyingi ni picha bila sauti. Unafungua kopo, linanuka siki: filamu imeanza kuoza. Mtunza stoo mmoja alinituliza, akasema harufu hiyo inaisha, nilianike tu juani.

Filamu yetu ilipoonyeshwa, mzee mmoja alisimama. Nikajiweka sawa kupokea pongezi. Akauliza kwa nini hajajiona usiku wa kuamkia Desemba 9, 1961, ilhali alikuwepo uwanjani, upande wa kushoto wa mlingoti, na shati jeupe. Nikamwamkia, nikaanza kumweleza habari za pauni. Mtayarishaji akanikatiza: "Wewe naye, mtafutie mzee sekunde mbili tatu hivi."