Shamba la Mawe

Juzi, huku kwetu Maniema, Kongo, nilivuka mto kutoka Alunguli, nimebanwa mtumbwini kati ya magunia ya mpunga, nikaenda kwenye ofisi moja ng'ambo ya pili kutafuta cheti cha kuzaliwa cha mwanangu.

"Jina ya baba njo nani?" akauliza karani.

"Stanley."

"Stanislas?"

"Stanley, papa. S, T, A, N..."

Akaandika polepole, ulimi umetokeza pembeni mwa mdomo, kisha akagonga muhuri kabla sijachungulia. Wino bado mbichi, nikasoma: Sitanele. Diploma yangu inasema Stanislas. Kadi ya uchaguzi inasema Stanlay. Kwa hesabu ya karatasi, mwanangu ana mama mmoja na baba watatu, na mke wangu hesabu hiyo haimchekeshi hata kidogo.

Lawama zote ni za marehemu papa. Alikulia Stanleyville, akafanya kazi kwenye treni ya kwenda Ubundu, na mji ule aliupenda kama mtu anavyompenda mchumba aliyeolewa na mwingine. Mwaka 1966 ukaitwa Kisangani. Papa hakukubali. Nilipozaliwa 1973, akanibandika mimi jina la mji uliokwisha kufa.

Tena ulikuwa wakati gani! Mobutu alikuwa amekataza majina ya Kizungu mwaka mmoja tu kabla. Maporomoko ya Stanley yalikuwa Boyoma, ziwa la Stanley pale Kinshasa lilikuwa Malebo. Kwa hiyo kwenye daftari la serikali niliandikwa jina la babu peke yake, na Stanley likawa la ndani, kama sahani za wageni. Kamba zilipolegea baada ya 1990 ndipo nikalitoa nje, nikagundua hakuna anayejua kuliandika.

Na lina maana gani basi? Nilidhani walau ni shujaa au simba. Ni Kiingereza cha kale: mahali peupe penye mawe, katikati ya pori. Waingereza waliwaita hivyo watu waliotoka sehemu kama hizo, likawa jina la ukoo, baadaye sana ndipo wakaanza kuwapa watoto. Shamba la mawe! Hapa Maniema, tunakolima mpunga, shamba hilo hata bure hulichukui.

Yule Stanley mwenyewe, msafiri wa Kizungu ambaye mji ule uliitwa kwa jina lake, hata hakuzaliwa Stanley. Alizaliwa Denbigh, Wales, mwaka 1841, akiitwa John Rowlands, na jina alilichukua kwa mfanyabiashara mmoja wa New Orleans. Mwaka 1876 akafika huku, akapatana na Tippu Tip, mfanyabiashara wa pembe na watumwa, amsindikize, wakaondoka Nyangwe, wakashuka na mto huu huu ninaouvuka kwa mtumbwi. Huko chini Wakongo wakamwita Bula Matari, mvunja mawe. Sijui kama kuna aliyewaambia kwamba jina lake tayari lilikuwa la mawe. Wao walilipata kwa kumtazama akipasua barabara. Baadaye Bula Matari likawa jina la serikali yenyewe, ile ya kodi na kiboko.

Ndiyo maana mzee mmoja jirani yangu, kila mtoza ushuru akipita, hunisalimia kwa sauti kubwa: "Bula Matari, watu wako wamefika!" Kisha ananitazama kama ninayemshikia chenji yake.

Mwanangu sikutaka apitie hayo. Alizaliwa siku ya Ijumaa, nikamwita Juma. Herufi nne, kila mtu kutoka Kasongo mpaka Ubundu analijua. Nikamtajia karani kwa kujiamini kabisa.

Ameandika Djuma.

Nimenyamaza. Huku kwetu ndivyo linavyoandikwa, na mtumbwi wa mwisho ulikuwa unaondoka.